Uhakiki: Samantha Mugatsia katika filamu ya Rafiki

Muhula uliopita niliwapa wanafunzi wangu hapa Kasese zoezi la kumhakiki mwigizaji yeyote wa Afrika Mashariki. Watatu walimchagua Samantha Mugatsia wa filamu ya Rafiki. Kazi zote tatu zilieleza habari za marufuku. Hakuna hata moja iliyomgusa mwigizaji. Nilipowauliza, walikiri kwamba hawajaiona filamu. "Mwalimu, ningeionea wapi?" akasema mmoja, kijana wa Bwera, ambako vibanda vya video huonyesha filamu za mapigano zilizofasiriwa na VJ. Sikuwa na jibu.

Mimi niliiona Nairobi, Septemba 2018. Bodi ya Uainishaji wa Filamu ya Kenya ilikuwa imeipiga marufuku mwezi Aprili, kabla haijaonyeshwa Cannes, ikidai kwamba inaeneza usagaji. Mwongozaji, Wanuri Kahiu, alieleza kwamba alitakiwa abadilishe mwisho wake kwa kuwa una matumaini mno. Akakataa, akaenda mahakamani. Mahakama Kuu ikasimamisha marufuku kwa siku saba tu, kisha yakarudi. Katika siku hizo watu walijaa ukumbini.

Asili ya hadithi ni kwetu Uganda: "Jambula Tree" ya Monica Arac de Nyeko, iliyopata Tuzo ya Caine mwaka 2007. Ile ni barua ya Anyango kwa Sanyu. Katika filamu wamekuwa Kena na Ziki, mabinti wa wanasiasa wawili wanaoshindana, na wanapendana. Mmbeya wa mtaa, Mama Atim, amehamia Nairobi na jina lake lilelile.

Barua ina nafsi ya kwanza. Anyango anajisemea mwenyewe. Kena hana nafasi hiyo. Yote lazima yaonekane mwilini, na mzigo huo alibebeshwa Mugatsia, mpiga ngoma ambaye hakuwahi kuigiza. Ziki wa Sheila Munyiva ana nywele za rangi na kicheko, naye huvuta macho kwanza. Hata hivyo nilijikuta nikimrudia Kena, hasa anaposikiliza. Wanapokaa kituoni baada ya kupigwa na umati, polisi wakiwadhihaki, ukimya wake unaeleza zaidi ya mazungumzo yote ya wazazi.

Siasa za akina baba, kwa maoni yangu, ni nyepesi. Ushindani wao haupewi uzito wowote. Tena Kiingereza kimetawala mno kwa filamu yenye jina la Kiswahili.

Jina lenyewe lakini limechaguliwa vizuri. Kahiu ameeleza kwamba wapenzi wa jinsia moja, wanapotambulishana, hulazimika kusema "rafiki" tu. Sisi walimu tunalijua neno hili kwa usumbufu wake: rafiki *yangu* *a*mefika, kimilikishi cha ngeli ya I-ZI, kitenzi cha A-WA. Kena naye anaishi hivyo, huku na huku.

Mwaka 2019 Mugatsia alitunukiwa tuzo ya mwigizaji bora wa kike katika tamasha la FESPACO, Ouagadougou. Jambo hilo nalo halikutajwa katika kazi zile tatu. Ziko bado mezani pangu, sijazitia alama.