Ruan Lingyu, Aliyesema Bila Sauti

Kuigiza filamu bubu si lelemama: sauti haisikiki, basi mwili mzima ndio useme. Ruan Lingyu wa Shanghai aliiweza kazi hiyo kuliko wengi. Alikuwa mtoto wa mtumishi wa ndani, na filamu yake ya kwanza ilitoka mwaka 1927.

Mtazame katika Shennü ya 1934, iliyoongozwa na Wu Yonggang. Ni mama anayeuza mwili ili mwanawe asome. Siku ya tamasha la shule mtoto yuko jukwaani. Mama ameketi kati ya wazazi wengine, uso umemchanua, na minong'ono kumhusu inapita sikio hadi sikio. Hapo ndipo ninapomvulia kofia: ile furaha yake hakuitia chumvi hata chembe. Wengi wa siku zile (na hata wa leo, tuseme kweli) wangetoa macho na kujishika kifua.

Magazeti yalimwandama kwa mambo ya nyumbani kwake. Alijitoa uhai tarehe 8 Machi 1935, akiwa na miaka 24, na umati ulifurika mitaani kumzika.