Makofi ya Kubandika ya Newport

Makofi hayabandikwi. Nimeshaliandika hili na nitalirudia, maana kila santuri ya Duke Ellington, Ellington at Newport, ikitajwa, lawama humwangukia mpiga saksafoni Paul Gonsalves na maiki yake, huku mwenye kosa kubwa zaidi akipita kando.

Kisa mnakijua. Usiku wa 7 Julai 1956, kwenye tamasha la Newport, ndani ya Diminuendo and Crescendo in Blue, Gonsalves alipiga mizunguko 27 ya bluzi mfululizo, lakini saksafoni kaielekezea maiki ya redio ya Voice of America badala ya ile ya kampuni ya santuri ya Columbia. Kwenye santuri anasikika kama jirani anayepiga nyuma ya ukuta. Linasameheka hilo. Ukimwekea mpigaji maiki za mafundi wawili tofauti, umemtegea. Nyuma yake, Sam Woodyard kwenye ngoma na Jimmy Woode kwenye besi hawakuyumba. Hapo sina neno.

Kosa lenyewe lilifanyika Jumatatu iliyofuata. Duke hakuridhika na Newport Jazz Festival Suite, kazi mpya iliyokosa mazoezi ya kutosha. Prodyuza George Avakian akaiingiza bendi studio, sehemu kubwa ikapigwa upya, kisha vifijo vikachomekwa juu yake na santuri ikaingia sokoni kama ya laivu.

Sikiliza upande wa kwanza kwa spika za kichwani. Freebody Park ni uwanja wa wazi, sauti ya tarumbeta inatoka na kwenda zake. Hapa ghafla inagonga kuta na kurudi. Halafu wasikilize watu. Upande wa pili umati unamjibu Gonsalves: anakaza, wanapiga kelele, anakaza zaidi, na wenzake wanamchochea mzunguko baada ya mzunguko. Upande wa kwanza umati haumjibu yeyote. Kelele inapanda na kushuka kwa mkono wa fundi, na bendi haishtuki, kwa sababu haikuisikia. Walikuwa na njia mbili za haki: kuiacha ya uwanjani na kasoro zake, au kuitoa ya studio kama ya studio.

Nina kinyongo hichohicho na rekodi ya Massey Hall ya 1953, ambayo Charles Mingus aliipigia besi upya baada ya onyesho. Kinyume chake, Benny Goodman pale Carnegie Hall mwaka 1938 alirekodiwa kwa maiki moja iliyoning'inizwa juu ya jukwaa, na bendi inapumua. Bill Evans alipokuwa akirekodiwa Village Vanguard, Juni 1961, umeme ulikatika katikati ya Gloria's Step ya kwanza. Toleo kamili la 2005 likaliacha pengo lilivyo. Waliofanya hivyo ndio maprodyuza.

Mwaka 1999 Phil Schaap alizioanisha kanda za Columbia na Voice of America zikawa stereo, na Gonsalves akarudi mbele. Kazi safi. Suite ya uwanjani nayo imo, imelegea hapa na pale, na naichagua kuliko ile iliyopigwa pasi Jumatatu.