Kauboi mwenye haya na ng'ombe asiye na pembe

Buster Keaton hakuwa na kawaida ya kucheka mbele ya kamera. Basi alimwonyeshaje mtu mwenye haya katika *Go West* ya mwaka 1925, filamu bubu, bila uso wala sauti? Alitumia kusubiri.

Kijana wake, Friendless, anafika ranchi Arizona bila kujua lolote la mifugo. Anaambiwa akame. Anaweka ndoo chini ya ng'ombe, anakaa kando, anangoja maziwa yashuke yenyewe. Mtoto wa Magu au Kwimba, huku Usukumani, angeangua kicheko kabla mtu wa mjini hajaelewa kosa liko wapi. Keaton alipenda kuiweka kamera mbali, mwili mzima uonekane, na hapo ndipo ufundi ulipo: mtu, ndoo na mnyama wanakaa pamoja machoni mwetu, na aibu inajengwa na muda unaopita. Bastola yake nayo ni ndogo mno, inazama ndani ya ala hadi aivute kwa kamba.

Uso unatumika pale mezani kwenye karata. Mcheza kamari anamwelekezea bastola na kumwamuru atabasamu. Friendless anainua pembe za mdomo kwa vidole viwili, mbinu ambayo mwigizaji Lillian Gish aliitumia kwa machozi katika *Broken Blossoms* ya 1919. Kwenye kibanda umiza cha Mwanza, mtafsiri wa filamu afadhali anyamaze hapo.

Sehemu ya Los Angeles, ambako kundi la ng'ombe linavamia mitaa na Keaton anavaa nguo nyekundu za shetani ili wamfuate, kwangu imerefushwa bure. Ng'ombe hawaoni wekundu vizuri, na mchungaji wa Kisukuma angemaliza kazi kwa fimbo na mluzi.

Lakini mwisho! Mwenye ranchi anamwuliza ataka zawadi gani. "Namtaka huyu," anajibu, na binti wa mwenye ranchi amesimama nyuma yake. Tunaachwa tuamini hivyo kidogo, kisha anampita binti na kwenda kwa Brown Eyes, yule ng'ombe asiye na pembe aliyemfungia pembe za paa ajilinde. Usukumani ng'ombe hutoka kwa mwoaji kwenda kwa baba wa binti. Hapa baba yuko tayari kutoa binti bila kudai hata ndama, na mkwe anachagua ng'ombe.