Maneno au Mkusanyiko? Dhima ya Sanaa ya Jukwaani Jijini Nairobi

Utangulizi

Suala la dhima ya sanaa katika jamii ni kongwe. Aghalabu wahakiki wa fasihi ya Kiswahili wamelijadili kwa kupambanisha pande mbili: wanaoiona sanaa kuwa burudani inayojitosheleza, na wanaoidai iwe chombo cha ukombozi. Pande zote mbili zina kasoro moja. Zinachukulia kwamba thamani ya kazi ya sanaa imo ndani ya kazi yenyewe, na kwamba jukumu la mhakiki ni kuichimbua. Makala haya yanakusudia kuonyesha, kwa kurejelea jumba moja na tamthilia moja, kwamba thamani hiyo hubadilika kadiri yanavyobadilika mahusiano ya fanani, hadhira na mahali wanapokutania.

Jumba na Wenyewe

Jumba la Kenya National Theatre lilifunguliwa Novemba 1952, majuma machache baada ya serikali ya kikoloni kutangaza hali ya hatari tarehe 20 Oktoba. Lilijengwa kando ya barabara ambayo sasa inaitwa Harry Thuku, likitazamana na hoteli ya Norfolk. Karibu na hapo, Machi 1922, umati uliokusanyika kudai Thuku aachiliwe ulimiminiwa risasi. Katika kipindi cha miaka 30, basi, eneo hilohilo lilishuhudia mkusanyiko mmoja ukitawanywa kwa bunduki na mwingine ukijengewa jumba. Neno “taifa” katika jina la jumba hilo halikuwakusudia Waafrika walio wengi.

Uhuru haukubadilisha hali hiyo mara moja. Oktoba 1976, The Trial of Dedan Kimathi ya Ngũgĩ wa Thiong’o na Mĩcere Gĩthae Mũgo, pamoja na Betrayal in the City ya Francis Imbuga, ziliandaliwa kuiwakilisha Kenya katika tamasha la FESTAC, Lagos, mwaka uliofuata. Hata hivyo, zilipewa siku chache tu jukwaani, kwa kuwa ratiba ilikuwa imetengewa maonyesho ya kigeni. Ngũgĩ ameeleza jinsi watazamaji walivyojiunga na waigizaji katika wimbo wa mwisho na kutoka nao nje wakicheza. Tukio hilo lina uzito. Hadhira ilikataa kubaki hadhira, na mpaka wa jukwaa na barabara ukavunjika.

Kitabu na Jukwaa

Mwaka 1977 swali hilo lilihamia Kamĩrĩĩthũ, Limuru, kaskazini-magharibi mwa jiji. Ngaahika Ndeenda, iliyoandikwa na Ngũgĩ wa Thiong’o na Ngũgĩ wa Mĩriĩ, ilianza kuonyeshwa tarehe 2 Oktoba. Wakulima, vibarua na wafanyakazi wa viwandani walijijengea jukwaa la wazi. Mazoezi yalifanyika hadharani, na wanakijiji waliwasahihisha waandishi pale lugha au historia ilipokwenda kombo. Leseni ya maonyesho ilifutwa tarehe 16 Novemba. Na tarehe 31 Desemba Ngũgĩ wa Thiong’o akakamatwa, akakaa kizuizini hadi Desemba 1978.

Yaliyofuata hayajapewa uzito unaostahili katika uhakiki. Mwaka 1980 tamthilia hiyohiyo ilichapishwa kwa Kigĩkũyũ na kuuzwa madukani, na mwaka 1982 ikatoka tafsiri yake ya Kiswahili, Nitaolewa Nikipenda. Kitabu hakikupigwa marufuku. Lakini Februari 1982 wanakijiji walipotaka kuonyesha mchezo wao mwingine, Maitũ Njugĩra, katika Kenya National Theatre, walinyimwa jumba. Waliendelea na mazoezi katika ukumbi wa Chuo Kikuu cha Nairobi, na maelfu ya watu wakafurika kuwatazama hadi huko nako wakafungiwa. Machi mwaka huo, ukumbi wa Kamĩrĩĩthũ ulibomolewa.

Ni bayana kwamba dola haikuyaogopa maneno kama ilivyouogopa mkusanyiko. Lau hatari ingekuwa katika maudhui peke yake, kitabu ndicho kingetangulia kuzuiwa.

Hati ya Shamba

Mfano mmoja wa kifani utafafanua hoja hii. Katika tamthilia, mfanyakazi Kĩgũũnda anatunza kwa fahari hati ya shamba lake la ekari moja na nusu. Anashawishika kuchukua mkopo ili afunge ndoa ya kanisani, na hatimaye shamba linaangukia mikononi mwa tajiri Ahab Kĩoi. Kamĩrĩĩthũ, hati ile haikuwa ishara ya kitu kingine. Ilikuwa karatasi ambayo waliokaa mbele yake walikuwa nayo, waliipoteza, au hawakuwahi kuipata.

Hati hiyohiyo, msomaji akikutana nayo kitabuni, hugeuka kuwa “ishara” ya kutajwa na kufafanuliwa. Mwelekeo huu umezikumba tamthilia nyingi za upinzani nchini. Betrayal in the City, Mstahiki Meya ya Timothy Arege na Kigogo ya Pauline Kea zote zimewahi kutahiniwa katika shule za upili. Serikali inayokejeliwa ndiyo inayotunga mtihani na kutoa alama. Si haki, hata hivyo, kuubeza ufanisi huo, kwani vijana wengi hawangezifahamu kazi hizo kwa njia nyingine. Lakini mwanafunzi huulizwa dhamira ni ipi. Haulizwi yeye ana shamba au hana.

Marejeo ya 2022

Mei 2022 Ngaahika Ndeenda ilipanda jukwaa la Kenya National Theatre, kwa Kigĩkũyũ na kwa Kiingereza, chini ya Nairobi Performing Arts Studio na mwongozaji Stuart Nash. Huu ni ushindi usiopingika. Katiba ya 2010, katika kifungu cha 33, inalinda uhuru wa ubunifu wa kisanaa, na hakuna aliyetiwa kizuizini kwa maonyesho hayo.

Pamoja na hayo, uhusiano ulikuwa umebadilika. Kule Limuru hadhira ilikuwa mtunzi mshiriki. Mjini ilikuwa mnunuzi wa tikiti. Mkazi wa Kawangware au Jamhuri aliyetaka kuitazama alihitaji kiingilio na nauli ya kwenda na kurudi usiku. Hati ya shamba sasa ilitazamwa na wengi kama kumbukumbu ya enzi iliyopita, ilhali migogoro ya ardhi haijapita. Igizo halikupoteza ukweli wake, lilipoteza wenyewe.

Je, sanaa ya jukwaani imekoma kuwatisha watawala? Tukio la Nakuru la Aprili 2025 linakanusha dhana hiyo. Wanafunzi wa shule ya upili ya wasichana ya Butere walikuwa wameondolewa katika tamasha la kitaifa la drama pamoja na igizo lao, Echoes of War, la Cleophas Malala. Mahakama Kuu iliamuru waruhusiwe. Walipofika, polisi waliwatawanya watu kwa vitoa machozi, na wanafunzi wakaambiwa waigize bila hadhira. Waliimba wimbo wa taifa, wakaondoka. Wasichana hao walielewa jambo ambalo nadharia nyingi hulisahau: igizo lisilo na hadhira si igizo.

Hitimisho

Ngũgĩ wa Thiong’o alifariki tarehe 28 Mei 2025, akiwa amekwisha kuwa fahari ya taifa lililomfunga. Sifa hizo ni halali, lakini zinaweza kuwa njia nyingine ya kuifunga kazi yake, safari hii katika kabati la vioo. Uhakiki wa maandishi pekee hushiriki katika kuifunga hivyo bila kujua. Hapana budi mhakiki wa tamthilia aulize pia ni nani waliokusanyika, ni nani waliobaki nje, na ni nani aliyekuwa na haki ya kumsahihisha mwandishi. Idara zetu za fasihi zimezoea kuanza na maneno na kuishia hapo. Dola, kwa upande wake, ilianza na mlango wa ukumbi.