Boma lisilo na karani: Enclave ya Fallout ilivyoonekana kutoka Tianxiu



Wiki mbili zilizopita nilikuwa Tianxiu Dasha, lile jengo refu la barabara ya Huanshi hapa Guangzhou ambalo karibu kila Mwafrika aliyewahi kufuata mzigo China analijua. Chini ni maduka ya nguo, nywele za bandia na simu. Juu ni ofisi za wasafirishaji. Huwa naenda Jumamosi nikichoka kusahihisha kazi za wanafunzi, kusudi nipate mtu wa kuongea naye Kiswahili. Mwenyeji wangu ni mtu wa Goma, miaka arobaini na kidogo, anapeleka makontena Kongo. Asubuhi hana kazi, maana sisi tuko mbele ya Goma kwa saa sita na wateja wake bado wamelala. Basi anacheza gemu. Na mimi, mwenye shahada ya uzamivu ya fasihi, nakaa pembeni natazama. Msinicheke.

Gemu yenyewe ni Fallout 3 ya mwaka 2008. Kwa wasioijua: mfululizo huu ulianza 1997, nao unasimulia dunia ambayo Marekani na China walichomana kwa mabomu ya nyuklia tarehe 23 Oktoba 2077. (Ndiyo, tulikuwa tunaichezea ndani ya China, na chai ililetwa kama kawaida.) Kati ya makundi yaliyobaki kuna moja liitwalo Enclave. Hao ni mabaki ya serikali ya Marekani: wakubwa walioona balaa linakuja, wakajificha mapema, kundi kubwa likaishia kwenye mtambo wa mafuta baharini huko California, na wajukuu wao bado wanadai kwamba wao ndio serikali halali. Wana rais, bendera, ndege na deraya nyeusi. Itikadi yao ni moja tu: aliyeishi nje akaguswa na mionzi si mtu tena.

Nimejiuliza Enclave tuiiteje kwa Kiswahili, nikaona neno tunalo siku zote: boma. Ni ua uliozungushwa, na tena ni ofisi ya serikali tangu enzi za Mjerumani. Mtu akisema "ameitwa bomani" hatuulizi kafuata ng'ombe au kafuata mkuu wa wilaya.

Sasa, rais wao alipokuwa anahutubia redioni, mwenyeji wangu akasema bila kugeuka: "Muzee, hii njo leta yenye ilikuwaka Mugunga." Leta kwao ni dola, neno la Kifaransa lililovaa kikoi. Nikanyamaza kidogo. Nimesoma makala kadhaa za Wazungu kuhusu Enclave, wanailinganisha na Wanazi, na vita baridi, na Washington yenyewe. Sikumbuki hata mmoja aliyeitaja Mugunga.

Tukumbushane. Serikali iliyoundwa Rwanda Aprili 1994, baada ya Habyarimana kuuawa, ndiyo iliyosimamia mauaji ya kimbari. Iliposhindwa vitani na RPF mwezi Julai haikuvunjika, ilihama. Ilivuka mpaka kuingia Zaire na mawaziri wake, jeshi lake na fedha za hazina, na nyuma yake watu zaidi ya laki saba wakaingia Goma kwa siku chache tu. Kipindupindu kikaua makumi ya maelfu. Lakini dola haikuugua. Katika kambi za Mugunga, Kibumba na Katale watu walipangwa kwa mikoa na komuni zao kama nyumbani, chini ya viongozi walewale, na chakula cha msaada kilipitia mikononi mwao. Waliongeza majina kwenye orodha, ziada wakauza, wakanunua silaha. Aliyetaka kurudi Rwanda aliitwa msaliti, na wengine waliuawa kwa hilo. Novemba 1994 tawi la Ufaransa la Madaktari Wasio na Mipaka liliondoka kwa sababu hiyo hiyo: halikutaka kuwalisha wauaji. Boma lile lilidumu miaka miwili, mpaka kambi zilipovunjwa mwishoni mwa 1996.

Ukiirudia Enclave ukiwa na hayo kichwani, utaona ilipopatia na ilipokosea.

Redio wamepatia nusu. Rais Eden wa Fallout 3 anasikika nyika nzima kupitia vidude vinavyoruka, anasimulia utoto wake, mbwa wake, besiboli, kati ya nyimbo za gwaride. Baadaye unagundua kwamba ni kompyuta, haikuwahi kuwa na utoto. Ni ubunifu mzuri, sikatai. Lakini RTLM ya Kigali, iliyoanza kurusha Julai 1993, haikupendwa kwa gwaride. Ilipiga muziki wa Kongo, watangazaji walitania kama vijana wa kijiweni, watu wakacheka, na katikati ya kicheko mtu akaitwa mende. Eden anaboa mno kuweza kuua kwa redio. Afadhali yule mzee wa mji wa Megaton, Nathan, anayeiamini redio ile kwa moyo wote na kutetea serikali ambayo hajawahi kuiona. Ukimkuta tena baadaye, yumo kwenye seli ya serikali hiyo hiyo. Hapo mwandishi alijua anachokifanya.

Walipokosea ni deraya. Katika Fallout 2 (1998) na 3, Enclave unaitambua kwa mbali: chuma cheusi, taa machoni, piga risasi. Mwenyeji wangu alikuwa na miaka tisa mwaka 1994. Anasema aliowaona yeye walivaa kaptula na ndala, walipanga foleni ya maharage, na mama yake aliwauzia makaa. Serikali ile ilionekana kwenye daftari tu.

Na daftari nalijua. Mwaka huo nilikuwa nimemaliza digrii ya kwanza, sina ajira, na kwa kuwa Kihangaza chetu kinakaribiana na Kinyarwanda, shirika moja lilinichukua niwe karani na mkalimani kambi ya Benaco, kwetu Ngara. Kiongozi wa komuni alikuja na orodha yake, mimi nikanakili. Jina moja nililiona mara tatu. Nikamwuliza, akacheka, akasema ni ukoo mmoja, majina yanafanana. Nikagonga mhuri. Nilijua, jamani. Siku ile nilikuwa nadai mshahara wa wiki tatu na sikutaka ugomvi.

Hii ndiyo lawama yangu kwa Fallout. Boma lao lina rais, wanasayansi na askari, ila halina karani. Kirusi cha kuua waliochafuka kinatengenezwa maabara, kinatiwa majini, basi. Hakuna anayeandika nani ni safi na nani si safi, hakuna mtu wa nje anayewalisha kwa sababu ya mshahara. Mchezaji anamaliza gemu mikono yake mieupe.

Kijana mmoja wa Mombasa aliyekuwa nasi akasema Enclave ni wenye mji huu, akikumbushia Aprili 2020, Waafrika walipotolewa kwenye nyumba na hoteli za Guangzhou na kupimwa korona hata wasiosafiri. Sikumkubalia. Ule ulikuwa ubaguzi, hadi mabalozi wetu Beijing wakaandika barua ya malalamiko, lakini serikali yenye mji na watu wake si boma la aina hii. Enclave ni serikali iliyopoteza nchi, kwa hiyo haina kitu cha kutawala isipokuwa orodha.

Nikamshauri mwenyeji wangu ajaribu New Vegas (2010), ambayo kwangu ndiyo pekee iliyokomaa katika jambo hili. Humo Enclave imebaki wazee wachache waliojificha, na daktari mmoja, Arcade Gannon, aliyezaliwa kambini mwao na kukua akificha asili yake. Mauaji hakuyafanya, ila jina analo. Mwisho wa Fallout 2 unalipua mtambo ule na wote waliomo, wenye familia zao, na gemu inakupongeza. Kambi za Goma zilipovunjwa, wauaji na watoto walikimbilia msitu mmoja, na ripoti ya Umoja wa Mataifa ya 2010 inaeleza waliopatwa na nini humo. Gannon ndiye wa kwanza katika mfululizo huu kumwuliza mchezaji: na mimi je?

Jumamosi iliyopita nilimkuta amefika kwa Gannon. Alikuwa amesimama mbele ya mlango wa wazee wale, hajaingia. Nikamwuliza anangoja nini. Akasema anafikiri. Halafu saa tisa ikagonga, Goma ikaamka, simu zikaanza, akazima.

Mwenye neno bora kuliko "boma" alilete.