Sauti za Kikabyle Katika Sinema za Katuni

Kutia sauti za lugha moja katika sinema ya lugha nyingine hudhaniwa kuwa ni tafsiri tu. Sinema za katuni zilizotiwa Kikabyle, lugha ya Kiberber isemwayo milimani mwa Algeria, pande za Tizi Ouzou na Béjaïa, zaonyesha kuwa sivyo.

Tuanze na midomo. Sauti b ya Kikabyle mara nyingi hutamkwa pasipo midomo kufungana, na p haimo katika maneno yake ya asili. Basi mchezaji wa kigeni akifumba midomo, mfasiri hana budi kutafuta m, au neno la mkopo. Katika katuni taabu hii hupungua, maana kinywa cha mnyama ni mistari michache, na jicho husamehe. Urefu wa neno nao si neno: yefka-yi-t-id, yaani "alinipa", pamoja na kitu chenyewe na dalili ya kuja huku, haitamshangaza msomaji wa Kiswahili.

Ugumu uko katika kuchagua usemi. Yako maneno mapya yaliyoenezwa na kina Mouloud Mammeri katika miaka ya 1970, kama tilelli, uhuru. Na uko usemi wa sokoni, uliochanganyika Kiarabu na Kifaransa. Watia sauti wengi wameshika huu wa pili, wakageuza hata mzaha na kisa. Siwalaumu. Mohya (1950–2004) alimfanyia Molière vivyo hivyo, Tartuffe akawa Si Pertuf, na Kikabyle kikapata tamthilia inayosemeka.

Ninalolikataa ni jingine. Katika sinema nilizoziona, pafikapo kifo au kuagana, watia sauti hukimbilia kichekesho. Mtoto hujifunza kwamba lugha ya nyumbani ni ya kuchekea, na ya huzuni ni Kifaransa. Haya hayastahili lugha ambayo mwaka 1980, kwa sababu ya kupigwa marufuku mhadhara wa Mammeri juu ya mashairi yake ya kale, watu waliandamana na kutiwa gerezani. Tamazight, ambayo Kikabyle ni tawi lake, ilifanywa lugha rasmi mwaka 2016. Sheria haikuwapa watia sauti maneno ya msiba. Maneno hayo yamo katika isefra, mashairi yale yale, na katika vilio vya wanawake matangani. Mtia sauti na ayafuate huko, hata kama ukumbi utanyamaza.