Kamba ya Briggs, kamba ya Cuddy

Aliyeitazama The Homesman anaijua asubuhi ninayoisema. Usiku Mary Bee Cuddy kamwomba George Briggs amuoe, kakataliwa. Karudi bila nguo, kalala naye. Asubuhi Briggs anaamka, anamtafuta, anamkuta ananing'inia mtini. Kati ya usiku ule na asubuhi ile kuna mkato tu, na mwanamke aliyeibeba filamu tangu shoti ya kwanza, akilima shamba lake na nyumbu wawili, keshaondoka. Tommy Lee Jones mwongozaji amekificha kifo cha mhusika mkuu ili Tommy Lee Jones mwigizaji apate kukigundua. Filamu hii ilishindana Cannes mwaka 2014, na tangu siku hizo kila nikiirudia, mkato ule unazidi kunichefua.

Najua jibu linalokuja: kitabu ndivyo kilivyo. Ni kweli, Glendon Swarthout katika riwaya yake ya 1988 anamuua Cuddy njiani, akiwapeleka Iowa wanawake watatu waliorukwa na akili, na waandishi watatu wa muswada, Jones akiwamo, wamemfuata. Sigombani na kifo. Mbugani kule wanawake walikufa kwa uzazi, kwa homa, kwa baridi, na wapo waliojiua. Mwandishi E. V. Smalley alilieleza jambo hilo kwenye jarida la Atlantic Monthly mwaka 1893: upweke wa mashamba yaliyotawanyika, majirani wasioonana majira yote ya baridi, na wake kwa waume, hasa wahamiaji wa Skandinavia, wakirukwa na akili. Cuddy kujinyonga hakuhitaji kutetewa. Swali langu ni moja, nalo ni la ufundi: kamera ilikuwa wapi?

Turudi nyuma kidogo, kwenye kamba ya kwanza. Briggs tunaanza kumjua vizuri akiwa juu ya farasi, kitanzi shingoni, uso mweusi kwa masizi, yuko na nguo za ndani tu. Farasi akisogea, mtu kafa. Jones anaikalia shoti ile. Anatupa picha ya karibu ya shingo, anatupa kwato zinazohama-hama, anatupa yale mabishano marefu Cuddy akimhoji na kumwapisha kabla ya kumkata ile kamba. Tunacheka, halafu tunaona aibu kwa kucheka, kwa sababu mzee analia kweli. Ni tukio lililopimwa vizuri. Basi mwongozaji huyu anajua kamba inavyopigwa picha. Anajua kwamba kitanzi kikikaa kwenye fremu muda wa kutosha, mtazamaji anaanza kuhisi uzito wake shingoni mwake mwenyewe.

Halafu inakuja kamba ya pili, ya mtu aliyemwokoa yule wa kwanza, na hatupewi kitu. Hatumwoni akiamka. Hatumwoni akichagua mti. Hatuoni mkono wake ukifunga fundo, na huyu ni mwanamke ambaye filamu nzima imetuonyesha mikono yake: ikishika plau, ikihesabu akiba ya chakula, ikipiga kinanda alichokitarizi kwenye kitambaa kwa kuwa kinanda cha kweli hakipo. Mikono ile ndiyo ilikuwa lugha yake, na saa ya mwisho imekatwa. Kamba ya mwanamume tumeikalia hadi tukaizoea. Ya mwanamke tumeikuta imeshamaliza kazi.

Wapo wanaoliita jambo hili staha. Kifo cha kujiua kisionyeshwe, wanasema, mtazamaji aachiwe mshtuko alioupata Briggs. Staha ningeikubali kama ingekuwa kanuni ya filamu hii. Lakini katika wale wanawake watatu, filamu hii ilishatuonyesha Theoline Belknap akikitupa kichanga chake kwenye shimo la choo. Ilishatuonyesha Gro Svendsen akiingiliwa kwa nguvu na mumewe kitandani. Arabella Sours tumemwona akipokonywa watoto watatu na dondakoo. Mwongozaji ambaye hakufumba macho pale hawezi kuniambia kwamba mtini alishikwa na haya. Pale hapakuwa na staha. Filamu ilibadilisha mmiliki, kwa mkato mmoja, bila kuaga.

Na tazama kinachotangulia, maana hapo ndipo ninapoona hasara kubwa. Cuddy anakuta kaburi la mtoto wa kike lililofukuliwa. Briggs anagoma kusimama. Yeye anabaki peke yake, anamzika mtoto upya, kisha anapotea. Anazunguka usiku kucha, na alfajiri anajikuta pale pale kaburini. Huo, ndugu zangu, ndio uendawazimu wa mbugani ukielezwa kwa kamera peke yake: ardhi isiyo na alama, mwanamke mwenye akili timamu kuliko wote, na mstari ulionyooka ambao kumbe ni duara. Hilary Swank, anayemwigiza Cuddy, anarudi kambini akiwa mtu mwingine. Macho yameingia ndani, sauti imeshuka. Kila kitu kimepangwa ili tukae ndani ya kichwa chake kwa usiku mmoja wa mwisho. Anaomba ndoa, anakataliwa kama alivyokataliwa na Bob Giffen aliyekula chakula chake, akasikiliza wimbo wake, kisha akamwambia anakwenda mashariki kutafuta mke. Tunangoja. Mhariri Roberto Silvi na bosi wake wanatupeleka moja kwa moja kwa Briggs.

Baada ya hapo filamu inakuwa ya mwanamume aliyeguswa. Anachimba kaburi, anawafokea wale wanawake watatu kana kwamba wao ndio waliofunga kitanzi, anawatelekeza, wanamfuata kwa miguu, anarudi. Jones anaigiza vizuri, sibishi. Lakini nimeichoka hesabu hii, na wanaonisoma wanajua nimeilalamikia miaka mingi: katika Western, mateso ya mwanamke ni mbolea ya moyo wa mwanamume. Ilianza zamani. The Searchers ya 1956 inafunguka Martha akiufungua mlango na kutazama jangwa. Anapenda kimya kimya, anauawa nje ya macho yetu, na filamu iliyobaki ni safari ya Ethan, mwanamume aliyempenda. John Ford alifanya hivyo akatengeneza kazi kubwa, ndiyo maana kila anayemfuata anadhani ruhusa ile ni yake pia. Tena mimi ninatoka kwenye vibanda vya video ambako mwenye mashine alikuwa anaupeleka mkanda mbele kila ikifika sehemu ya mama wa shamba, watazamaji warudi haraka kwenye bastola. Sikutegemea mwongozaji wa Cannes angekuwa na tabia ileile ya kidole.

Wakongwe hawakuhitaji kufundishwa hili. Chukua The Wind ya 1928. Victor Sjöström alimpeleka Lillian Gish jangwa la Mojave, akawasha mapangaboi ya ndege yamrushie mchanga usoni, kisha akafanya jambo ambalo Jones ameshindwa: hakumwacha. Gish, akiwa Letty, anapomuua Wirt Roddy, anapomzika nje, na upepo unapoanza kuufukua mchanga juu ya maiti, kamera iko ndani ya nyumba naye. Tunaona macho yake dirishani, tunaona anachokiona, tunarudi kwenye macho. Hakuna mwanamume wa kutuletea habari. Filamu ile haina sauti ya mazungumzo, lakini unatoka umejua upepo ulikuwa unamwambia nini. Mwisho wake wa sukari sikuwahi kuumeza, kwa kuwa katika riwaya ya Dorothy Scarborough Letty anatoka kwenda kupotelea upeponi. Ila hata mwisho ule mbovu ni wa Letty. Yeye ndiye amesimama mlangoni, upepo ukimpiga.

Au Jan Troell, Nybyggarna ya 1972, sehemu ya pili ya safari ya Wasweden hadi Minnesota. Daktari ameshamwambia Kristina kwamba mimba nyingine itamuua. Mume anajizuia. Usiku mmoja mke anaamua mwenyewe kumrudia mumewe, akijua. Hapo pana kitanda, pana mwanamke aliyechagua, pana kifo nyuma yake: vitu vilevile alivyokuwa navyo Jones usiku ule wa moto wa kambi. Troell, aliyeshika kamera kwa mkono wake na kuhariri mwenyewe, anabaki kwenye uso wa Liv Ullmann mpaka uamuzi unapoonekana ukifika. Kifo kikija hatushtuki, tunaumia. Mshtuko ni bei rahisi.

Kuna Heartland ya 1979 pia, ambayo haitajwi inavyostahili ingawa iligawana Dubu wa Dhahabu wa Berlin na filamu nyingine. Conchata Ferrell ana uchungu wa kuzaa, mume anatoka kwenye theluji kutafuta mkunga, anarudi mikono mitupu. Richard Pearce hakumfuata mume njiani. Kijana yeyote wa chuo cha filamu angemfuata: farasi, theluji, hatari. Pearce alibaki chumbani na mzazi. Hata Sergio Leone, ambaye hakuna aliyewahi kumwita mtetezi wa wanawake, mwaka 1968 alimpa Jill McBain stesheni nzima: Claudia Cardinale anasubiri watu wasiokuja, anaingia ofisini, sisi tunamtazama kupitia dirisha, halafu kreni inapanda juu ya paa na mji wote unafunguka mbele yake. Leone alijua ni nani anayeingia nchi mpya. Na kwa wale wanaosema ninawaabudu marehemu, Kelly Reichardt katika Meek's Cutoff ya 2010 aliibana fremu ikawa karibu mraba, akawaacha wanaume wajadiliane mbali, maneno yao yakitufikia nusunusu, kwa sababu sisi tumesimama walikosimama wanawake. Uamuzi mmoja wa mahali pa kuweka maikrofoni ukafanya kazi ya hotuba kumi.

Haki itendeke: picha za Rodrigo Prieto, na mbuga yake tambarare isiyompa mtu pa kujificha, ni bora, na mtunzi wa muziki Marco Beltrami aliyeziachia nyaya za piano zipigwe na upepo nje alistahili tuzo.

Wale abiria watatu sasa. Kuwafanya wakae kimya karibu safari nzima ni uamuzi niliokuwa tayari kuuvumilia kwa sababu Cuddy alikuwepo kuwatafsiri. Alijua nani anafungwa kwenye pete ya chuma na nani anaachiwa mdoli wake wa matambara. Cuddy akifa, kimya chao kinakosa msikilizaji. Grace Gummer, Miranda Otto na Sonja Richter wanabaki kuwa mizigo hadi Hebron, Iowa, ambako Meryl Streep anawapokea kwa upole na filamu haiwaulizi tena. Kama kulikuwa na ulazima wa kumwondoa Cuddy katikati ya safari, mrithi wa macho yake alikuwa mle mle ndani ya gari. Fikiria Arabella, kupitia kile kidirisha chenye nondo, akiuona mti ule kabla Briggs hajaamka. Hasemi kitu, haelewi kitu labda, lakini anaona. Shoti moja. Isingegharimu siku ya ziada ya kupiga picha.

Kinachonikasirisha zaidi ni kwamba Jones ndiye aliyetengeneza The Three Burials of Melquiades Estrada mwaka 2005. Mtu yule alizikwa mara tatu. Filamu nzima ilikuwa kumheshimu maiti mmoja: kumfukua, kumbeba juu ya nyumbu, kuvuka mpaka, kumtafutia kijiji chake. Cuddy amepata ubao wa kaburi wenye jina lake, na ubao wenyewe unaishia kusukumwa kwa buti kutoka kwenye kivuko hadi mtoni, Briggs akicheza na kuimba. Wakosoaji waliipenda shoti ile. Wanasema inatuonyesha jinsi nchi ilivyowasahau wanawake walioijenga. Mwongozaji aliyemsahau mwanamke wake tangu asubuhi ile hana mamlaka ya kunihubiria kusahau.

Wakisema muda haukutosha, muda upo, nawaonyesha. Ile hoteli ya buluu katikati ya pasipo na kitu, James Spader akiwanyima wanawake chakula, Briggs akirudi usiku kuichoma moto na kuondoka na nguruwe aliyechomwa. Ni tukio la kupendeza, ni kaboi wa kweli, vibandani wangepiga makofi. Na linafanya kazi gani? Linatuthibitishia kwamba Briggs ana uchungu, jambo tuliloliona kaburini. Tukio la noti za Benki ya Loup, zile dola 300 alizoahidiwa na ambazo zinakuja kuwa karatasi tupu, linasema hayo hayo kwa ukali zaidi na kwa muda mfupi. Ondoa hoteli. Mpe Swank ile saa kabla ya mapambazuko: ainuke, akunje blanketi kwa sababu hajawahi kuacha kitu bila kukikunja, awatazame watatu waliolala, atembee. Kamera ikiona haya, isimamie kwenye mikono. Briggs aendelee kulala.